Kutengeneza Jambia la Kurudisha Wakati Nyuma Katika Mchezo wa Kompyuta

Mwaka 2003 kampuni ya Ubisoft ilitoa mchezo wa Prince of Persia: The Sands of Time, ambamo mwana wa mfalme hubeba jambia lenye mchanga wa ajabu. Akiruka vibaya akatumbukia shimoni, mchezaji hubonyeza kitufe, na matukio hurudi nyuma kwa sekunde chache hadi mhusika asimame tena ukingoni. Mwongozo huu unaeleza jinsi ya kutengeneza kifaa cha namna hiyo katika mchezo wako wa pande mbili (2D), ukiwa tayari unajua kuandika msimbo wa kumwendesha mhusika.

Kabla ya yote, acha wazo la kuiendesha fizikia kinyume kwa kugeuza kasi kuwa hasi. Msuguano na migongano hufuta habari: mpira uliokwisha kutulia sakafuni haubebi alama yoyote ya kuonyesha ulidondoka kutoka urefu gani. Kazi ya jambia ni kukumbuka hali ya kila kitu kadiri mchezo unavyoendelea, kisha kuirejesha hali hiyo kwa mpangilio wa kinyume.

Hatua ya 1: Chagua cha kukumbukwa. Kwa kila kitu kinachosogea, andika mahali kilipo, kasi yake, picha ya mwendo inayoonyeshwa, kiasi cha uhai kilichobaki, na alama ya kama kipo au hakipo. Wengi husahau vihesabu muda, kama vile sekunde zilizobaki kabla mlango haujafunga. Navyo ni sehemu ya hali, na visiporejeshwa mlango utafunga wakati usiotarajiwa.

Hatua ya 2: Tenga nafasi ya kumbukumbu. Fanya kumbukizi, yaani nakala ya hali ya kitu kwa wakati mmoja, katika mapigo ya fizikia (hesabu za mwendo zinazofanywa kwa vipindi sawa), wala si katika fremu za picha, kwa sababu fremu hupungua simu inapolemewa. Usipobadilisha mipangilio, programu ya kutengenezea michezo ya Godot hupiga hesabu za fizikia mara 60 kwa sekunde, na mwenzake Unity mara 50. Kwa mapigo 60, sekunde 10 zinahitaji kumbukizi 600 kwa kila kitu. Kumbukizi moja ikichukua baiti 24, kitu kimoja kitahitaji baiti 14,400, na vitu 200 havitafikisha megabaiti 3, kiasi ambacho hata simu ya bei nafuu hukimudu bila shida.

Tumia safu ya mzunguko: daftari la kurasa 600 ambalo, ukifika mwisho, unarudi ukurasa wa kwanza na kuandika juu ya maandishi ya zamani. Nambari ya ukurasa hupatikana kwa kugawanya hesabu ya mapigo kwa 600 na kuchukua baki. Tenga safu yote mchezo unapoanza, maana kuomba kumbukumbu mpya katika kila pigo husababisha mikwamo inayoonekana machoni.

Hatua ya 3: Rudisha. Kitufe kikishikiliwa, simamisha fizikia kabisa, punguza nambari ya ukurasa kwa moja katika kila pigo, na uweke kila kitu pale kumbukizi inaposema. Ukifika kwenye kumbukizi ya zamani kuliko zote, simama hapo. Kitufe kikiachiwa, rejesha kasi zilizoandikwa, washa fizikia, na uanze kuandika kuanzia ukurasa huo. Mustakabali uliokuwa mbele yake umefutika.

Hatua ya 4: Shughulikia waliokufa. Adui akiuawa, usimfute kwenye kumbukumbu. Mfiche, zima migongano yake, na umwondoe kabisa pale tu kumbukizi ya mwisho ya uhai wake inapokwisha kuandikwa juu. Mshale uliorushwa baada ya pigo unalorudia lazima nao utoweke. Alama ya kuwepo na kutokuwepo inamaliza kazi zote mbili.

Hatua ya 5: Amua kisichorudi. Hapa ndipo kifaa kinapopata maana, na ningependa utumie muda mwingi hapa kuliko kwenye msimbo. Mchanga wa jambia lenyewe usiwemo katika kumbukizi, vinginevyo kila matumizi yatajirudishia gharama yake na mchezaji hatakuwa na sababu ya kuwa mwangalifu. Katika Braid, mchezo wa Jonathan Blow wa mwaka 2008, kurudi nyuma hakuna kikomo. Ugumu unatoka kwingine, kwani vitu vinavyong'aa kijani havirudi pamoja na vingine. Ufunguo wa kijani uliochukuliwa shimoni hubaki mkononi mwa mhusika ingawa yeye mwenyewe amerudishwa juu. Katika msimbo, hilo ni kukiruka kitu kimoja tu wakati wa kurejesha, lakini kwa mchezaji ni kanuni mpya ya dunia nzima.

Amua pia kuhusu bahati. Ukihifadhi hali ya kizalishaji cha namba nasibu (sehemu ya programu inayotoa namba za kubahatisha), sanduku lililotoa sarafu tatu litatoa tatu tena. Usipoihifadhi, mchezaji atarudisha wakati mara kwa mara hadi apate anachokitaka. Mimi huihifadhi.

Hatua ya 6: Pima. Rekodi vitufe vinavyobonyezwa kwa sekunde tano, rudisha wakati hadi mwanzo wa sekunde hizo, kisha uvicheze tena vilevile na ulinganishe mahali pa kila kitu. Tofauti ndogo sana katika vitu vinavyogusana zinaweza kutokea, kwa kuwa injini za fizikia kama Box2D hutunza ndani yake habari za migusano ambazo kumbukizi zako hazina. Tofauti kubwa humaanisha kuna kihesabu muda ulichokisahau katika hatua ya kwanza.