Jinsi ya kupiga hesabu ya fidia ya aliyefariki kwa ajali ya barabarani: mfano wa familia ya Masasi

Mama mmoja aliyefiwa na mumewe kwa ajali alinijia ofisini Masasi na karatasi ya kampuni ya bima, ameifunga kwenye pindo la kanga. "Mwanangu, wanasema nitie dole gumba hapa. Nitie?" Kiasi kiliandikwa, ila hakuna aliyemwonyesha kimepatikanaje. Mimi ni msaidizi wa kisheria, na tangu siku ile kila familia napiga nayo hesabu kwanza. Nanyi pigeni hivi.

Hatua ya 1: Karatasi

Kusanyeni cheti cha kifo, ripoti ya polisi ya ajali, mchoro wa eneo, ripoti ya ukaguzi wa gari, na namba ya bima ya gari lililosababisha ajali. Kila gari au pikipiki barabarani inapaswa kuwa na bima ya kuwalinda watu wengine, kwa Sura ya 169 ya Sheria za Tanzania, yaani Sheria ya Bima ya Magari. Kama dereva ametiwa hatiani, ombeni nakala ya hukumu iliyogongwa muhuri wa mahakama. Na faini aliyolipa isiwachanganye: ile ni ya serikali, fidia yenu bado iko palepale.

Hatua ya 2: Nani alikuwa anamtegemea

Msimamizi wa mirathi mara nyingi huteuliwa Mahakama ya Mwanzo, mkianza na muhtasari wa kikao cha ukoo. Hapa kwetu kwa Wamakonde, Wamakua, Wayao na Wamwera, kikao hicho mara nyingi kinaongozwa na mjomba, na heshima yake ni haki yake. Lakini fidia ya kupoteza tegemeo chini ya Sura ya 310, sheria inayohusu ajali za vifo, ni ya familia iliyokuwa inalishwa na marehemu: mke au mume, watoto, wazazi. Andikeni majina yao, umri, na kila mmoja alikuwa anapata nini kutoka kwake. Mjomba anaweza kuwa msimamizi wa fedha hizo. Kuwa msimamizi hakumfanyi kuwa mwenye nazo.

Hatua ya 3: Kipato halisi

Hapa ndipo familia zetu zinapopoteza fedha nyingi kuliko popote. Mfanyakazi ana hati ya mshahara. Mkulima na bodaboda wanaambiwa hawana kipato cha kuthibitisha, na si kweli.

Tuchukue mfano wa kutunga: baba wa miaka 38, bodaboda wa Masasi mjini, ana ekari tano za mikorosho, ameacha mke, watoto watatu na mama mzazi. Kwenye pikipiki alibaki na shilingi 12,000 kwa siku baada ya mafuta na matengenezo, siku 24 kwa mwezi. Hiyo ni 288,000 kwa mwezi, 3,456,000 kwa mwaka. Ushahidi ni daftari lake, miamala ya simu, na mwenyekiti wa kijiwe chake akieleza kwa kiapo.

Korosho zinataka akili zaidi. Malipo ya AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, yanapita benki, kwa hiyo ombeni taarifa ya akaunti ya misimu mitatu, maana msimu mmoja unaweza kuwa mzuri au mbaya kupita kiasi. Zilizouzwa kwa kangomba, yaani kwa magendo nje ya ushirika, hazina karatasi, msizitegemee. Lakini msidai mapato yote ya shamba. Mikorosho haikufa naye, itaendelea kuzaa, na wakili wa bima atalisema hilo mapema sana. Kilichopotea ni mikono yake: palizi, kupulizia salfa, kusimamia waokotaji. Ulizeni vibarua wa kijijini wanatoza kiasi gani kwa kazi zote hizo kwa mwaka. Tuseme 900,000. Jumla ya mwaka: 4,356,000.

Hatua ya 4: Ondoeni alichokula mwenyewe

Mwenye mke na watoto hukadiriwa kutumia kama theluthi moja kwa nafsi yake. Hapa ni 1,452,000. Kinachobaki, 2,904,000, ndicho familia ilichokuwa inapata kwa mwaka.

Hatua ya 5: Zidisheni kwa miaka

Tukihesabu hadi umri wa miaka 60, alibakiza 22. Mahakama haizidishi kwa 22, kwa sababu fedha zinalipwa zote mara moja, na hata bila ajali angeweza kuugua au kufa mapema. Hupunguza kwa busara yake. Kwa umri huu mimi huanza na 13:

2,904,000 × 13 = 37,752,000

Upande wa pili utataja miaka michache zaidi. Jibuni kwa afya yake, kazi yake, na umri wa mtoto mdogo.

Hatua ya 6: Mazishi na lawama

Gharama za mazishi ni madai mahsusi. Bila risiti ni maneno tu. Usafiri kutoka hospitali ya Ndanda au Ligula, sanda au jeneza, chakula cha msiba: tafuteni risiti wiki ileile. Arobaini msiiweke humu. Tuseme zimefika 1,850,000, jumla inakuwa 39,602,000.

Kisha jiulizeni swali gumu: naye alikosea? Kama alibeba mshikaki, yaani abiria zaidi ya mmoja, au alipita upande usio wake, mahakama inaweza kumpa sehemu ya lawama. Ikimpa asilimia 20, mnakatwa 7,920,400, mnabaki na 31,681,600. Fanyeni hesabu hii nyumbani kabla hamjaisikia kwa mtu mwingine.

Hatua ya 7: Kabla ya dole gumba

Karatasi ya kampuni huwa na sentensi kwamba mmepokea malipo ya mwisho na hamna dai lingine. Mtu asiyejua kusoma asomewe sentensi hiyo kwa sauti mbele ya mtu anayemwamini. Kisha wekeni kiasi chao pembeni ya chenu na muwaulize kwa maandishi: kipato mmekadiria kiasi gani, miaka mingapi, na lawama asilimia ngapi? Wasipojibu, pelekeni malalamiko TIRA, mamlaka ya serikali inayosimamia bima, au muone wakili mapema ili muda wa kufungua kesi usiwapite.

Mama yule hakutia dole. Tulianza na daftari la mumewe, lilikuwa chini ya kiti cha pikipiki.