Namna ya kumsoma trilobiti wa Utah: anza na yule asiye na mashavu

Ukiambiwa uchague kisukuku kimoja cha trilobiti aitwaye Elrathia kingii kwenye rundo, acha kile kilichokamilika. Chukua kilichokosa mashavu, yaani vipande vya pembeni vya ngao ya kichwa. Wauzaji hukiweka kwenye boksi la bei ya chini, na kule machimboni karibu na mji wa Delta, jimbo la Utah, watu hukitupa pembeni. Mimi hukiokota, kwa sababu ndicho kinachoonyesha vizuri mshono wa uso, alama ambayo wataalamu wameitegemea kwa miaka mingi kuwapanga trilobiti katika makundi.

Elrathia ni athropoda (mnyama mwenye gamba la nje na miguu ya pingili, kama kaa) wa baharini wa kipindi cha Kambri, takriban miaka milioni 505 iliyopita. Magharibi mwa Utah sasa ni jangwa. Enzi hizo ilikuwa bahari, na matope yake ndiyo yaliyogeuka mwamba wa Wheeler katika milima ya House Range. Huwa naenda huko na wanangu kutoka Salt Lake City, na hivi ndivyo ninavyowaelekeza.

Kisafishe kwa maji na mswaki laini. Siki na limau visikaribie kabisa, maana gamba lake ni kalisaiti, madini ya chokaa, na asidi huila. Tope lililoganda kwenye mifereji litoe kwa kijiti cha meno. Kisha zima taa ya dari, weka taa moja pembeni, chini, mwanga upite juu ya jiwe kwa mshazari. Vivuli ndivyo vitakavyokuonyesha mistari.

Ukikigeuza hutaona miguu. Utakuta tabaka nene la kalisaiti lililoota chini ya gamba baada ya mnyama kufukiwa, na ndilo linalofanya Elrathia wengi wabanduke kwenye mwamba wakiwa wazima, kama kifungo cha koti. Miguu haikuwa na madini, ikaoza. Umbo lake tunalijua kwa jamaa zake, hasa trilobiti Olenoides serratus wa Burgess Shale, mwamba wa visukuku nchini Kanada: vipapasio viwili kichwani, na kila mguu una matawi mawili, moja la kutembelea na jingine lenye nyuzinyuzi.

Sasa hesabu pingili za kiwiliwili. Wengi hupotea wanapofika mkiani, kwa kuwa ngao ya mkia nayo ina mifereji kama pingili, ila zake zimeungana. Fuata ncha za pembeni kwa kijiti. Penye ncha inayojitegemea pana pingili. Ukingo ukishakuwa mmoja usiokatika, umeingia mkiani. Elrathia aliyekomaa ana 13. Ukipata pungufu kwa mnyama mdogo sana, usikimbilie kumpa jina jingine: trilobiti waliongeza pingili kadiri walivyojivua gamba wakikua.

Halafu kichwa, na hapa usiwe na haraka. Katikati kuna nundu, yaani glabela, inayopungua upana kuelekea mbele na kukoma kabla ya kufika ukingoni. Kila upande wake kuna mshono wa uso. Mnyama alipojivua gamba mshono huo ulifunguka, mashavu yakaachia, naye akapata njia ya kutokea. Kwa kisukuku kilichokamilika mshono ni uzi mwembamba, na hata kwa lenzi ya mkono unaweza usiuone. Kwa kisicho na mashavu, ukingo wote uliobaki pale pembeni ndio mshono wenyewe! Ufuate kuanzia mbele, upite upande wa ndani wa jicho, mpaka nyuma, uone unatokea wapi. Kwa Elrathia hutokea ukingo wa nyuma wa kichwa, ndani ya kona ya shavu. Kwa jamaa za Phacops, trilobiti mwingine, hutokea ubavuni, mbele ya kona hiyo. Olenellus, trilobiti wa zamani zaidi, hana kabisa mshono wa namna hiyo mgongoni.

Pingili 13, mkia mdogo kuliko kichwa, glabela inayopungua, mshono unaotokea nyuma: mweke kwenye oda ya Ptychopariida. Binafsi siitegemei sana oda hiyo, kwani imekusanya wengi ambao undugu wao haujathibitika. Jina la spishi ndilo imara zaidi. Mtaalamu wa visukuku Meek alilitoa mwaka 1870, na mwenzake Walcott akaunda jenasi ya Elrathia mwaka 1924.

Kwenye mwamba huohuo wa Wheeler utakutana na trilobiti Asaphiscus wheeleri, ambaye mkia wake ni mpana, unakaribia ukubwa wa kichwa. Utakutana pia na agnostidi, wa milimita chache tu, wasio na macho, pingili 2, kichwa na mkia vikilingana hata usijue mbele ni wapi. Kama hawa ni trilobiti au la, wataalamu wamebishana sana. Mwaka 2019 watafiti Moysiuk na Caron walichunguza vielelezo vya Burgess Shale vilivyobaki na vipapasio na miguu, wakahitimisha kuwa ni jamaa wa karibu wa trilobiti.

Andika lebo siku hiyohiyo: spishi, mwamba, mahali ulipokiokota, na sehemu zinazokosekana. Mashavu yakiwa hayapo na mengine yote yametulia mahali pake, ongeza kwamba yaelekea ni gamba lililovuliwa, si mzoga.