Ukialikwa hanami Tokyo

Wenzako wa kazini wakikwambia "twende hanami", usijibu kwamba maua umeshayaona njiani. Hapo unaalikwa kuketi, kula na kupiga soga chini ya micheri, yaani miti ya cheri, iliyochanua.

Tarehe usiipange mapema mno. Sakura, yaani maua ya micheri, huanza Okinawa kusini mwa Japani mwezi Januari, ikafika Hokkaido kaskazini mwishoni mwa Aprili au Mei. Kwa Tokyo, watu wa hali ya hewa huchungulia mti mmoja maalumu katika hekalu la Yasukuni. Yakifunguka maua 5 au 6, msimu umetangazwa. Hesabu wiki moja hivi miti ichanue kabisa, halafu ombea mvua isinyeshe. Micheri mingi ya mjini ni Somei Yoshino, aina inayozalishwa kwa kupandikiza vitawi, kwa hiyo yote ni kama mti mmoja: inachanua pamoja, inapukutika pamoja. Ndiyo maana hakuna anayeahirisha.

Mwaka wa shule na wa kazi huanza Aprili 1, na mfanyakazi mpya wa ofisi ndiye mara nyingi anayetumwa kushika nafasi. Mimi nilitumwa bustani ya Ueno asubuhi na mapema na turubai la buluu. Litandaze, ziwekee pembe zake chupa za chai lisipeperuke, kisha kaa. Tandika eneo la kuwatosha watu wenu tu. Kujitanua ni aibu. Viatu vua, uvipange pembeni. Vaa koti zito, maana jua likizama baridi ya pale haina mzaha.

Chakula kila mtu huja na chake. Matonge ya wali yaliyofungwa kwa mwani yanatosha, ila kama huli nguruwe uliza kilichomo ndani. Sakuramochi ijaribu: andazi laini la mchele, ndani maharage matamu, nje jani la mcheri lililokolezwa chumvi. Jani nalo huliwa. Mwenzako glasi yake ikipungua, mmiminie wewe. Yako atakumiminia yeye.

Tawi usilivute kwa ajili ya picha, sembuse kulivunja. Taka beba mwenyewe hadi nyumbani ukikuta mapipa yamefurika.

Umechelewa msimu? Nenda bustani ya Shinjuku Gyoen katikati ya Aprili, kuna micheri ya maua manene inayochanua baadaye. Kiingilio ni yeni 500 kwa mtu mzima, na pombe hairuhusiwi, kwa hiyo hata watoto wapeleke bila wasiwasi.