Fidia ya Ardhi Iliyotwaliwa na Serikali: Jinsi ya Kuandaa Madai Yatakayosimama Mahakamani

Katika Tanzania Bara, jaji hapimi fidia kwa huruma. Anachukua mafungu yaliyotajwa na Sheria ya Ardhi ya 1999 na kanuni zake za uthamini za 2001, kisha anauliza fungu kwa fungu: ushahidi uko wapi? Andaa madai yako kwa mpangilio huohuo.

Fungu kubwa ni bei ya soko ya ardhi pamoja na maendelezo: nyumba, kisima, uzio, mazao, miti. Kanuni zinataka bei hiyo ipatikane kwa kulinganisha na mauzo halisi ya karibuni ya mali zinazofanana, au kwa kipato kinachotokana na mali. Gharama ya kujenga upya hutumika pale tu mali ilipo ya aina ya pekee isiyouzika sokoni. Hapa ndipo hoja nyingi nzuri hupotea. Nyumba ya kawaida ikithaminiwa kwa gharama ya ujenzi, ikakatwa uchakavu, huku viwanja jirani vimeuzwa bei ya juu, kutaja jumla unayoitaka hakutoshi. Lete mikataba ya mauzo ya jirani yenye tarehe, ukubwa na bei, pamoja na ripoti ya mthamini aliyesajiliwa aliye tayari kuja kuhojiwa.

Bei inayoangaliwa ni ya siku tangazo la utwaaji lilipochapishwa. Chumba ulichoongeza baadaye hakihesabiwi, wala ongezeko la thamani linalotarajiwa siku za mbele. Kikitwaliwa kipande tu, dai pia hasara ya eneo lako kukatwa vipande; lakini ujue mahakama itatazama kama kilichobaki kitapanda bei kwa sababu ya mradi.

Na mtu asikwambie shamba la kimila lisilo na jengo halina fidia. Mahakama ya Rufani, katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay (1994), iliamua kuwa haki ya kimila ni mali inayolindwa na ibara ya 24 ya Katiba, na kwamba jasho lililomwagwa kwenye ardhi linastahili fidia ya haki hata pasipo na maendelezo ya kudumu.

Posho zina hesabu zake. Posho ya usumbufu ni bei ya soko mara wastani wa riba ya amana ya muda maalumu, yaani fedha inayowekwa benki kwa kipindi kilichopangwa, ya miezi 12 katika benki za biashara. Posho ya makazi ni kodi ya pango ya mwezi mara 36. Chukua mfano wa mali ya shilingi 40,000,000, riba ya asilimia 8 na kodi ya 150,000: usumbufu ni 3,200,000, makazi 5,400,000, jumla 48,600,000 kabla ya usafiri. Usafiri ni gharama halisi ya kubeba tani 12 ndani ya kilomita 20. Mwenye biashara hudai faida halisi ya mwezi mara 36, ila kwa hesabu zilizokaguliwa. Daftari la mauzo peke yake halitoshi. Ardhi isiyokaliwa haipati usafiri, makazi wala faida iliyopotea. Malipo yakipita miezi 6, dai riba.

Siku ya uthamini, hakikisha kila mti na kila chumba kimeandikwa, kisha piga picha fomu kabla ya kusaini. Ukipokea hundi usiyoridhika nayo, andika barua siku hiyohiyo kwamba unapokea bila kuacha haki ya kudai kilichopungua. Ukinyamaza, saini yako itasomwa kama ridhaa.

Mgogoro usipomalizika ndani ya wiki 6 tangu tangazo, Sheria ya Utwaaji Ardhi inaruhusu kufungua shauri Mahakama Kuu. Tanguliza notisi ya siku 90 kwa taasisi husika, nakala kwa Mwanasheria Mkuu, naye umuunganishe kama mdaiwa. Bila hayo shauri hutupwa kabla ya kusikilizwa. Usikae ukingoja ahadi za ofisini pia. Mawakili wa Serikali huweka pingamizi kwamba madai ya fidia kwa jambo lililofanywa chini ya sheria yana ukomo wa mwaka 1, na barua za kufuatilia hazisimamishi muda huo.