Kushuti dokumentari ukiwa mwenyewe: anza na daftari

Watu huwa wananiuliza eti ninunue kamera gani nianze dokumentari, na jibu langu linawaudhi: nunua daftari kwanza. Ukiandika mwenyewe na kushuti mwenyewe hakuna wa kukukumbusha umesahau nini.

Tuseme unataka stori ya soko la samaki la Feri, Dar. Siku za kwanza usibebe kamera kabisa. Nenda alfajiri mnada ukianza, kaa na mama wa kukaanga samaki, kunywa chai, sikiliza, mkiachana ndo uandike. Hushuti mpaka uweze kuandika sentensi moja: nani anataka nini na kinachomkwamisha ni nini. "Maisha ya Feri" ni mada tu hiyo. "Mama anadaiwa marejesho Ijumaa na bahari imechafuka, boti hazitoki", hapo sasa hata cha kushuti unakijua: mama anahesabu hela, simu inaita hapokei, beseni tupu.

Kibali chukua Bodi ya Filamu, na uongozi wa soko nao ujue upo, usije ukanyang'anywa kamera katikati ya mnada.

Sauti sasa, hapa ndo wengi wanaumia. Picha ya giza mtu atavumilia, sauti mbovu anafunga anaenda zake. Maiki ya kubana kifuani ivalishe manyoya ya kuzuia upepo, na hedifoni zisitoke masikioni, maana mi niliwahi kurudi nyumbani na mahojiano ya dakika 40 ya mzee mmoja, yote ni kanzu inakwaruza maiki, nikamrudia akaniambia mwanangu mi nilishasema. Kabla hujaondoka rekodi dakika moja ya pale bila mtu kuongea, utazibia mapengo ya sauti wakati wa kuediti.

Kamera weka fremu 25 kwa sekunde, shata (muda kila fremu inapokea mwanga) 1/50 ya sekunde, umeme wetu ni hezi 50 kwa hiyo taa za tyubu hazitapepesa kwenye picha. Kila shoti ishike sekunde 10 bila kuhamahama, hata mkono ukiwasha. Na ukishuti 4K ya megabiti 100 kwa sekunde andaa kama GB 45 kwa kila saa, usiku huohuo kopi kwenye diski mbili ndo ufute kadi, sio kesho.

Halafu unarudi kuandika tena: nukuu mahojiano yote neno kwa neno, weka na dakika kila kitu kiliposemwa, kata makaratasi, yapange mezani mpaka stori isimame. Sauti ya msimulizi iandike mwisho kabisa, pale tu picha imeshindwa kusema.

Hela? Kuna mfuko wa Docubox wa Nairobi unaosaidia watengeneza dokumentari wa Afrika Mashariki, na ukimaliza kuna tamasha la filamu la ZIFF Zanzibar, lipo tangu 1998. Ukiomba fedha popote wataanza kukuomba maandishi, kwa hiyo lile daftari usilitupe. Wakati unasubiri majibu shuti harusi za watu, kodi ya nyumba haisubiri.