Mkanda wa presha unavuja? Ufunge kwenye kopo

Nimejifunza hili hapa Jinja baada ya mashine ya presha ya mama, ile ya kupampu kwa mkono, kutupa namba za ajabu wiki nzima. Usiijaribu mkononi, utaumia bure. Funga mkanda kwenye kopo gumu la maziwa ya unga, likiwa bado limejaa, kaza koki ya kutolea upepo, pampu hadi 200. Mwanzoni mshale hushuka kidogo, mpira ukijinyoosha. Subiri utulie, kisha hesabu dakika moja. Ukishuka zaidi ya 4, yaani vistari viwili, upepo unatoka. Paka povu la sabuni kwenye maungio ya mipira: mashine yetu ilitoa mapovu palepale kwenye koki. Mashine ya betri haipimwi hivi, hujitoa upepo yenyewe. Na mshale usiorudi 0 ni ugonjwa mwingine, kopo halitauonyesha.