Mtu akikuambia "hawanihesabu": namna ya kulishika lalamiko lake

Nawaandikia wenzangu ambao watu wanawaletea ugomvi wao jioni huku kwetu Kigoma, mabalozi, wenyeviti wa mitaa, makatibu wa vikoba, walimu wa malezi, hata mashangazi wa ukoo. Mnajua ilivyo, kesi inaanza na hela au mpaka wa kiwanja, mnapiga hesabu nusu saa nzima, alafu katikati mtu anatoa neno lingine kabisa: shida sio hela, shida hawa watu hawanihesabu. Sasa hapo ndo pa kukaa. Usiruke, usimwambie punguza hasira turudi kwenye hesabu, kwasababu hilo neno ndo kesi yenyewe na lina namna yake ya kushughulikiwa.

Wanafalsafa wamelifikiria sana hili jambo la kutambuliwa na mi naona wanatusaidia kabisa kwenye vikao vyetu. Mjerumani Hegel, kwenye kitabu chake cha 1807, alisema mtu hawezi kujijua kwamba yuko huru akiwa peke yake, lazima awepo mwingine aliye huru naye amkubali hivyo. Akatoa mfano wa bwana na mtumwa: bwana ananyenyekewa kila siku lakini haimridhishi, maana anayemnyenyekea ni mtu ambaye yeye mwenyewe hamhesabu kuwa mtu kamili. Mjerumani mwingine, Axel Honneth, mwaka 1992 akalichukua wazo hilo akaligawa mafungu matatu, na hayo mafungu ndo chombo chako cha kwanza.

Kwahiyo anza kwa kusikiliza ni fungu lipi. Kuna kupendwa, hii ni ya nyumbani, mke na mume, mzazi na mtoto, marafiki, na ndo inampa mtu kujiamini. Kuna haki, yaani kuhesabiwa sawa na wengine mbele ya sheria na utaratibu, hapo ndo mtu anapata kujiheshimu. Alafu kuna kuthaminiwa kwa mchango wako, kile unachokijua na unachokifanya kwa ajili ya wenzako, na hiyo inampa mtu kujithamini. Kila fungu lina jeraha lake: la kwanza kupigwa na kufanyiwa ukatili wa mwili, la pili kunyimwa haki, la tatu kudharauliwa wewe na kazi yako. Na jambo la kushika ni kwamba dawa ya fungu moja haitibu fungu lingine, mtoto aliyenyimwa upendo huwezi kumtibu kwa kumlipia ada, na aliyenyimwa haki yake huwezi kumtibu kwa kumwambia tunakupenda mama yetu. (Kama ni kupigwa au ukatili wowote wa mwili, hiyo sio ya kusuluhisha kwenye kikao, ipeleke polisi dawati la jinsia siku hiyohiyo.)

Nitoe mfano nilioukalia mwenyewe. Kikundi cha akina mama wanaoanika dagaa, mmoja wao amesusa, haleti hisa wiki kadhaa, kikao kinataka kumpiga faini. Huyu mama ndo anayejua kazi kuliko wote, mitumbwi ikiingia alfajiri yeye anaangalia mawingu anasema leo tuanike mapema au tusubiri, anajua wakati wa kugeuza ili dagaa wasishike mchanga wala wasivunjike, na wakikauka vizuri mnunuzi wa mbali anaongeza bei bila kubishana. Alikuja mgeni wa mradi, mwenyekiti akasimama akaeleza kila kitu, namna ya kuanika, namna ya kugeuza, picha zikapigwa, na yeye muda wote alikuwa ametumwa kuleta viti na maji. Nikamuuliza, mama, tukifuta faini sasa hivi utarudi? Akanijibu, "Mwanangu, faini naweza kulipa hapahapa. We niambie, wale dagaa mgeni aliokuwa anawasifia, nani aliwageuza?"

Umeona, hilo ni fungu la tatu wazi kabisa. Na swali nililomuuliza ndo swali la kuuliza kila mara: ukipewa hela leo, yameisha? Akisema yameisha, basi ilikuwa ya hela, malizeni. Akisema hapana, geuza swali: ukisifiwa mbele ya watu wote bila kupewa hata mia, yameisha? Hapa mama alinyamaza kidogo alafu akasema, na bei je? Maana dagaa wake ndo waliokuwa wanapandisha bei ya kikundi kizima lakini kwenye mgao alikuwa sawa na aliyejiunga juzi.

Hilo la mgao watu wengi wanalisahau, na Nancy Fraser, mwanafalsafa wa Marekani, amelipigia kelele tangu 1995. Hoja yake ni kwamba ukishughulikia heshima tu ukaacha mgao, umefanya nusu ya kazi, na ukishughulikia mgao tu ukaacha heshima, nusu pia. Honneth hakukubali sana, yeye anaona hata madai ya mshahara kwa ndani ni madai ya kazi yako kutambuliwa, na mwaka 2003 wakatoa kitabu pamoja wakibishana hilohilo. Kwa kikao cha mtaani mi nasimama na Fraser, kwasababu nimeona vyeti vingi vya shukrani vimetundikwa ukutani kwa watu ambao mgao wao haujabadilika hata kidogo. Yule mama tulimalizana hivi: yeye ndo anafundisha wapya na yeye ndo anaongea na mgeni mambo ya uanikaji, alafu kwenye mgao kikawekwa kiasi cha anayesimamia ubora.

Fraser ana kingine kizuri, anasema usipime kwa maumivu ya mtu, pima kama utaratibu unamzuia kushiriki sawa na wenzake. Hii itakuokoa, maana sio kila anayesema sihesabiwi ameonewa. Mwenye vyombo vya kuvulia anaweza kukasirika kabisa, kwa moyo wake wote, kwamba siku hizi wabebaji wanakaa benchi moja naye kikaoni na wanapiga kura sawa na yeye. Anaumia kweli, lakini hajazuiwa kitu. Msikilize kwa adabu alafu benchi libaki vilevile.

Sasa tuje kwenye haki, na hapa sisi wa mikoa hii tuna la kusema. Katiba yetu ya 1977 ibara ya 12 inasema, "Kila mtu anastahili heshima ya kutambuliwa na kuthaminiwa utu wake." Iko wazi hivyo, isome kwenye kikao, watu wengi hawajawahi kuisikia. Alafu angalia maisha ya mtu wa Kigoma akisafiri, akifungua tu mdomo lafudhi ikasikika anaulizwa we Mrundi au Mkongo, anaambiwa alete cheti cha babu, wakati jirani yake kwenye foleni hakuna aliyemuuliza babu yake. Charles Taylor, Mkanada, aliandika 1992 kwamba kutambuliwa vibaya sio kukosewa adabu tu, kunamdhuru mtu, anaishia kujibeba kwa sura mbaya aliyochorewa na wengine. Ndo maana unaona vijana wetu wengine wakifika mjini wanaficha wanakotoka.

Na karatasi peke yake haimalizi. Nenda Ulyankulu, Tabora, kuna familia zilizokimbia mauaji ya Burundi 1972, na mwaka 2014 wakimbizi hao wa zamani zaidi ya 160,000 wa makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo walipewa uraia wa Tanzania. Ni jambo kubwa, nchi chache duniani zimefanya hivyo kwa watu wengi kiasi hicho kwa mpigo. Lakini mtu ana cheti, amezaliwa hapo, analima tumbaku hapo, na bado kwenye ugomvi wa ng'ombe walioingia shambani anaitwa mkimbizi. Haki ameipata, fungu la tatu bado. Kwahiyo ukikaa kikao cha namna hiyo usitoe hukumu ya ng'ombe peke yake, lile neno nalo liwekwe mezani kama kosa linalojitegemea na lijibiwe.

Watakuambia ni utani tu. Utani tunao na ni mzuri sana, lakini una kipimo: utani unarudishwa. Mtani wangu akinichapa neno namchapa lake, tunacheka wote, na msibani kwangu ndo yeye anakuja kufanya fujo zake na kutufariji. Mtu aliyekaa nyuma ya meza na fomu yangu mkononi akinitania asili yangu siwezi kumrudishia, nikimrudishia fomu inakaa chini ya mafaili. Usipoweza kurudisha, huo sio utani tena. Uliza hilo swali kikaoni, ulikuwa na uwezo wa kumjibu? Utashangaa kesi inavyonyooka haraka.

Kabla hujamaliza, tazama pia anayeombwa kutambua ni nani. Frantz Fanon, aliyezaliwa Martinique, aliandika 1952 akimjibu Hegel, kwamba kwenye ukoloni bwana hatafuti kutambuliwa na mtumwa, anachotaka ni kazi yake. Maana yake kwetu ni kwamba kuna watu wanafaidika na we kutohesabiwa, na ukimngojea huyo akutambue utangoja mpaka uzeeke. Kwa kesi kama hizo nashauri watu wajipange wao kwanza, wawe na kikundi, daftari, viongozi, wahesabiane wenyewe, alafu ndo waende kudai.

Kuandika muhtasari: andika maneno ya mlalamikaji kama alivyosema, usimsafishie. Aliyedharauliwa mbele ya watu aombwe radhi mbele ya watu walewale, ya pembeni hapana. Mwezi ukipita usimuulize umesamehe, we hudhuria kikao chao uangalie akiongea nani ananyamaza kumsikiliza, na mgeni akija nani anatumwa viti. Na kama jambo ni la ofisi, asiende peke yake, aende na shahidi, barua ya utambulisho ya serikali ya mtaa na nakala za vyeti vyake, na akikataliwa aombe kukataliwa huko kwa maandishi, sababu ikiwemo, pamoja na jina na tarehe.